Grizel Yeaman Dalgarno na Shairi Lisilokuwa la Karani

Wasifu huu umeandikwa na mdogo wake, Walter Yeaman, mnayemjua kwa jina la Wattie, na kusomwa naye katika makaburi ya Balgarrow, Angus, Ijumaa, tarehe 21 Februari 2025.

Marehemu Grizel alizaliwa Jumanne, tarehe 9 Machi 1943, hapa hapa Balgarrow, katika zile nyumba za nyuma ya kiwanda cha kitani. Alikuwa mtoto wa kwanza wa Dod Yeaman, fundi wa mapaa ya vigae, na Nan, mfumaji. Mama alituambia kwamba uchungu ulimshika wakati wa chai, na mtoto akawa ameshatoka kabla mkunga hajavua koti. Alitembea akiwa na miezi tisa, na tangu siku hiyo hakuna aliyemwona amekaa chini kwa hiari yake. Mimi nilimfuata miaka minne baadaye. Kumbukumbu yangu ya kwanza ni mgongo wake, ananivuta mkono kwenye mtelemko wa kanisa na kuniuliza, "Twende basi, unasubiri nini?"

Kila siku yake ya kuzaliwa alitupa somo lile lile kabla ya keki kukatwa. Waskoti wa zamani, alisema, hawakuanza mwaka Januari. Hadi mwaka 1600 mwaka wao mpya ulianza tarehe 25 Machi, kwa hiyo Januari, Februari na sehemu kubwa ya Machi zilihesabiwa kuwa mkia wa mwaka uliotangulia. "Kwa hesabu yao mimi ni wa 1942," alisema. "Kwa hiyo, Wattie, nimekuzidi miaka mitano, si minne. Nyamaza ule keki." Tumelisikia somo hilo zaidi ya mara sitini, na wajukuu wake wanaliweza kwa moyo. Naomba mlishike jambo hilo la kalenda, kwa sababu wasifu huu hauendi popote bila hilo.

Alianza shule ya msingi Agosti 1948. Wiki ya pili mwalimu alimwuliza anatazama nini dirishani, naye akajibu kama tulivyozoea kusema nyumbani, kwa Kiskoti. Akachapwa mkanda wa ngozi mara mbili kwenye kiganja na kuambiwa kwamba hiyo ni lugha ya jikoni. Jioni alimfuata baba chini ya ngazi yake akamwuliza, "Nani aliamua?" Baba, mdomo umejaa misumari, akamwambia akamwulize mwalimu. Kesho yake akamwuliza kweli, akachapwa tena.

Jibu alilipata sekondari, akiwa na miaka kumi na tano, mchungaji wetu alipomwonyesha nakala ya kitabu cha zamani cha baraza la mji. Alirudi nyumbani mbio, kofia mkononi, akanikuta namenya viazi. "Wattie," akasema, "hakimu anaongea kama mama. Miaka mia nne iliyopita, hakimu, na mfalme wake pia, wote wanaongea kama mama." Hakula siku hiyo. Alizunguka meza hadi mama akamfukuza nje akazungukie huko.

Mwaka 1961 alikwenda chuo kikuu Edinburgh, wa kwanza katika ukoo wetu. Alipata shahada yake ya kwanza mwaka 1965 na ya uzamivu mwaka 1969, na mwaka 1971 akaajiriwa kuwa mhadhiri wa lugha na fasihi ya Kiskoti cha kale. Kazi hiyo aliifanya hadi alipostaafu mwaka 2008. Wanafunzi wake mliokuja leo mnajua alivyofundisha, yeye akizunguka darasa na nyinyi mkimfuata kwa shingo. Alisoma akitembea. Alikula pai yake ya nyama amesimama dirishani, na makombo yote yaliangukia kwenye vitabu vya watu wengine. Alikuwa kiguu na njia, leo Perth, kesho Durham, keshokutwa kwenye sanduku la hati la familia moja huko Fife lililojaa panya.

Na alikuwa mtu wa kuhakiki. Gesi aliihakiki mara tatu kabla ya kutoka, na mara nyingine alishuka kwenye basi akarudi kuihakiki ya nne. Aliwahi kupanda treni hadi Aberdeen ili kutazama kama alama moja kwenye ukurasa ni nukta au ni uchafu wa nzi. Ilikuwa uchafu wa nzi. Alirudi siku hiyo hiyo, ameridhika kama mtu aliyetoka likizo.

Tarehe 6 Julai 1974 alifunga ndoa katika kanisa la Balgarrow na Erskine Dalgarno, mpiga kinanda na fundi wa piano, mtu mtulivu kupita kiasi, na kwa kweli nyumba ile ilimhitaji mmoja wa namna hiyo. Fungate yao ilikuwa Durham. Siku nne nzima Erskine alikaa kwenye benchi nje ya maktaba akiwa na sandwichi mbili, kila saa sita akimpelekea yake mlangoni. Nilimwuliza kama haikumchosha. Akasema, "Hapana, Wattie. Ndizo saa pekee nilizojua yuko wapi." Walijaliwa binti mmoja, Mirren, mwaka 1977. Erskine alitangulia mbele ya haki mwaka 2011, na Grizel hakuwahi kukubali mtu mwingine aiguse ile piano.

Sasa nafika mahali ambapo nimeombwa na watu wenye heshima zao niparuke. Sitaparuka. Upepo huu ni mkali na mimi mwenyewe miguu inaniwasha, kwa hiyo nivumilieni, nitakwenda haraka.

Kitabu kilichompa jina kilitoka mwaka 1979, nacho ni Kilio cha Karani. Kwa faida ya wageni, katika hifadhi ya nyaraka Edinburgh kuna daftari la Ninian Skirling, karani wa hati wa mji huu katika miaka ya 1540. Limejaa mauzo ya mashamba na ugomvi wa mipaka, mambo ya kumsinzisha hata mwenye shamba. Lakini kwenye kurasa zilizokuwa zimeachwa wazi mna shairi la beti kumi na saba la kumlilia marehemu. Hata mimi, fundi wa mapaa kama baba, niliyeacha shule nikiwa na miaka kumi na tano, niliposomewa niliomba lisomwe tena. Chini yake pana tarehe, 3 Novemba 1542. Mahali pengine katika daftari hilo Ninian ameandika kwamba mke wake, Marioun Fenton, alifariki tarehe 11 Februari 1542.

Dada yangu akaunganisha hayo mawili. Mke amekufa Februari, na Novemba ya mwaka huo huo mume anamlilia. Karani mkavu wa mji mdogo anageuka mshairi kwa uchungu. Nani asingeipenda hadithi hiyo? Shairi linamwita marehemu "kipenzi changu kidogo," na linataja kiti chake kifupi karibu na moto. Grizel aliandika kurasa nane kueleza kwamba mume wa zama hizo angeweza kumwita mkewe hivyo. Mimi ningemwita mke wangu Betty hivyo, angenirushia sufuria.

Mji ulifurahi sana. Tukabandika bamba la shaba kwenye ile nyumba ya zamani ya barabara kuu, "Hapa aliishi Ninian Skirling, mshairi." Tukaanzisha tamasha la kila Novemba. Duka la mikate likaanza kuuza Biskuti za Karani, nami nimekula nyingi kuliko haki yangu. Na watu waliotuchapa kwa lugha ya jikoni wakaja kutoka mbali, na madaftari yao, kusikiliza lugha hiyo hiyo ikisomwa kanisani. Nilijivunia dada yangu hadi nikawa kero kwa majirani.

Mwaka 1983 mwanafunzi wake mmoja, kijana wa kisiwa cha Skye aitwaye Murdo Tolmie, alimletea sura ya nne ya tasnifu yake. Murdo alikuwa amekwenda mwenyewe kulitazama daftari. Aliandika mambo mawili. La kwanza, tarehe ya Februari ni ya hesabu ya zamani. Februari ya 1542 ya Ninian ni mkia wa mwaka, inakuja baada ya Novemba, si kabla. Kwa hiyo shairi lilipoandikwa Marioun alikuwa hai, mzima, bado ana miezi mitatu ya kuishi. La pili, mwandiko wa shairi si wa karani. Na Oktoba ya mwaka ule Ninian ameandika, kwa mstari mmoja tu katikati ya habari za uzio, kwamba mtoto wao amezikwa. Murdo alisema shairi ni la Marioun mwenyewe. Mama anamlilia mtoto wake.

Mnaelewa alichoambiwa Grizel Yeaman, yule aliyetusomea somo la kalenda kila mwezi Machi? Hifadhi ya nyaraka ilikuwa mwendo wa dakika kumi kutoka ofisini kwake. Kwa ajili ya uchafu wa nzi alikwenda Aberdeen. Safari hii hakwenda popote. Alichukua kalamu akaandika pembeni mwa sura ya kijana, na maneno hayo ninayo hapa, "Mwanamke gani wa Balgarrow, mwaka huo, angeweza kuandika hivi? Ondoa sura hii." Murdo hakuiondoa. Aliondoka yeye, bila shahada, akarudi kwao Skye, akawa dereva wa gari la maktaba linalozungukia vijiji. Aliliendesha miaka arobaini.

Mimi hilo lilinikera nilipolijua na linanikera sasa, na nalisema nikiwa nimesimama karibu na jeneza lake kwa sababu nilimwambia akiwa hai. Mtoto aliyechapwa kwa kuongea kama mama yake alikua akamwuliza mwenzake, mwanamke gani angeweza. Nilipomwambia alijibu, "Unadhani sijajiambia?"

Alijiambia kuanzia mwaka 2019. Walitaka kuchapisha toleo jipya la kitabu, naye akataka picha mpya za daftari. Alikuwa amefanyiwa upasuaji wa macho, kwa hiyo mimi ndiye niliyeendesha gari na mimi ndiye niliyekaa naye kwenye chumba cha kusomea, nimepokonywa peni yangu mlangoni kama mwizi na kupewa penseli. Alifungua ukurasa wa Februari. Akaanza kunong'ona.

"Wattie, soma hapa."

"Mimi? Michirizi hii?"

"Neno la kwanza tu. Unaliweza, ni la kwetu."

Nikalitazama hadi likanijia. "Jumapili," nikasema.

"Jumapili. Mimi mwaka 1976 sikulinakili neno hilo. Walikuwa wanafunga, nami nilikuwa na treni ya saa kumi na moja. Nikachukua tarehe nikaacha siku." Alikuwa tayari ametoa kijitabu chake cha kalenda na kidole kinatembea. "Kwa hesabu yetu, tarehe 11 Februari 1542 ilikuwa Jumamosi. Mwaka uliofuata ndiyo ilikuwa Jumapili."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo kijana alikuwa sahihi. Alikuwa hai, Wattie. Novemba ile Marioun alikuwa hai."

Kisha alikaa. Simaanishi kwamba alikaa kwenye kiti, kwenye kiti alikuwepo. Namaanisha kwamba hakuna kitu mwilini mwake kilichosogea, goti, kidole, wala mdomo, kwa muda wa dakika arobaini, nami niliogopa kuliko nilivyowahi kuogopa juu ya paa. Mwishowe mhudumu wa zamu wa chumba kile akaja kuuliza kama kuna tatizo. Grizel akamjibu, "Ndiyo, lina miaka arobaini," akainuka, na kuanzia hapo hakutulia tena hadi alipokufa.

Alianza kuandika masahihisho. Nilihesabu miswada kumi na mmoja. Kila mmoja ulikuwa mrefu kuliko uliotangulia. Wa kwanza ulikuwa na kurasa mbili na wa mwisho sitini na mbili, ukieleza hali ya taa katika chumba cha kusomea mwaka 1976, ratiba za treni, na makarani wachache waliosoma Ufaransa ambao pengine walihesabu miaka vingine.

"Grizel," nikamwambia, "mimi paa langu likivuja simwelezi mama mwenye nyumba historia ya mvua. Sema ulikosea."

"Si rahisi hivyo."

"Ni rahisi hivyo. Hutaki tu."

Akanirushia kifutio. Alimwandikia Murdo barua tatu, na zote zilirudi hazijafunguliwa. Usiku na mchana alizunguka nyumba ile, nami najua kwa sababu zulia la ukumbini liliisha katikati, Mirren ni shahidi. Aliogopa. Lazima niliseme neno hilo ingawa yeye asingelipenda. Aliogopa kwamba akiondoa kitabu kile hakitabaki kitu chochote cha kuonyesha kwamba aliwahi kuwepo.

Tarehe 19 Agosti 2024 alipata kiharusi akiwa anapanda ngazi za maktaba. Kilimchukua mkono wa kulia, mguu, na maneno karibu yote. Alipelekwa hospitali, kisha nyumbani kwa Mirren hapa Balgarrow. Dada yangu ndiye mtu mmoja duniani ambaye hakustahili kulazwa. Alituashiria tusukume kitanda dirishani, kisha tukirudishe, kisha tena dirishani. Mirren alimtengenezea ubao wa herufi, naye akawa anaonyesha kwa mkono wa kushoto, herufi moja moja, huku akikasirika tukikisia neno kabla hajalimaliza. Neno la kwanza alilolitunga lilikuwa SKYE.

Basi Desemba nikaenda Skye, mzee wa miaka sabini na saba, mvua inapiga kioo cha gari njia nzima. Murdo Tolmie amestaafu lakini hawajapata dereva mwingine, kwa hiyo nilimkuta karibu na Uig ndani ya gari lake la maktaba, mrefu, mvi tupu, anapanga vitabu vya upelelezi kwa ajili ya mabibi wa kijiji.

"Umekuja kuazima?" akauliza.

"Nimekuja kwa niaba ya Grizel Yeaman. Mimi ni mdogo wake."

"Basi huna kadi."

Nikabaki nimesimama mlangoni nachuruzika. Alipanga rafu nzima, hana haraka hata kidogo. Halafu akanimiminia chai kutoka kwenye chupa yake bila kuniangalia na kunisukumia sahani ya biskuti. Nikamweleza yote, Jumapili, treni, miswada kumi na mmoja. Nikamwambia kwamba anataka kumwomba msamaha lakini mdomo hautaki.

"Barua zake sikuzifungua," akasema. "Nilikuwa na maandishi yake ya sentensi mbili tangu mwaka 1983. Yalinitosha."

"Hukutaka kujua?"

"Nijue nini, mzee? Mimi nilikuwa najua. Yeye ndiye aliyekuwa hajui." Akafuta meza iliyokuwa safi. "Mwambie sihitaji kuombwa radhi. Miaka yangu haitarudi, na hata hivyo si mibaya, nimewapa watu vitabu. Lakini kuna mwanamke amezika mtoto Oktoba, akachukua daftari la mumewe Novemba kwa sababu nyumbani hakukuwa na karatasi nyingine, akaandika kitu ambacho hakuna mwingine aliyekiandika. Na tumempa mumewe. Na biskuti juu yake."

"Unataka nini basi?"

"Amrudishie. Si kwenye jarida. Kwa sauti, mbele ya watu wanaomwamini."

Nilimrudishia Grizel maneno hayo kama yalivyo. Alisikiliza amefumba macho. Kisha akacheka kwa ule upande wa mdomo uliobaki, akavuta ubao, na kuonyesha herufi tisa. Mirren alizisoma kwa sauti halafu akatoka chumbani akalie. Neno lilikuwa MAZISHINI.

Alifariki Alhamisi, tarehe 13 Februari 2025, saa tatu asubuhi, kwa kiharusi cha pili, Mirren amemshika mkono mmoja na mimi mwingine. Alikuwa na umri wa miaka themanini na mmoja. Kwa hesabu ya zamani amekufa mwaka 2024, na najua kwamba angetaka mtu aliseme hilo, basi nimelisema.

Jumanne iliyopita Profesa Keir Abernethy, aliyefanya kazi naye miaka mingi na ambaye yupo hapa, alinipigia simu kuhusu kosa hili kusomwa hapa leo. Alikuwa mpole sana. "Wattie," akasema, "makaburini si mahali pake."

"Mahali pake ni wapi?"

"Kuna majarida ya kitaaluma kwa mambo ya namna hiyo."

"Nani anayasoma?"

"Kusema kweli? Kama watu mia mbili."

"Hapa watakuja mia tatu," nikamwambia, "na baadaye kuna supu."

Akasema kwamba hataki heshima ya Grizel ivunjike siku ya kuzikwa. Namwamini, alimpenda. Sitaficha kwamba nami nilitamani vivyo hivyo. Usiku ule nilikaa jikoni na karatasi hizi, nikakata ukurasa wa kosa lake, nikaubandika tena kwa gundi, nikaukata. Ni dada yangu. Ndiye aliyenivuta mkono. Nikaona nikiuficha nitakuwa nafanya kile kile alichokifanya yeye mwaka 1983, tena bila hata treni ya kusingizia.

Kwa hiyo haya ndiyo maneno yake. Yalimchukua siku nne kwenye ubao. Kurasa sitini na mbili zilibaki hivi:

"Tarehe 3 Novemba 1542 Marioun Fenton alikuwa hai. Shairi ni lake. Alimlilia mtoto wake. Murdo Tolmie aliliona nami nikamnyamazisha. Sikwenda kuangalia. Nilikosea. Grizel Yeaman."

Wenzangu wa Balgarrow, mmesikia. Bamba litang'olewa Jumatatu, ngazi ninayo, na jipya limeshaagizwa likiwa na jina la Marioun. Novemba tutalisoma shairi kanisani kama kawaida, ila safari hii tutajua aliyekaa kwenye kile kiti kifupi. Hatujui jina la mtoto huyo, Ninian hakuliandika. Wenye duka la mikate waziite biskuti zao vyovyote watakavyoona, mimi nitaendelea kula.

Marehemu ameacha binti yake Mirren na mkwewe Struan; wajukuu wawili, Catriona na Fergie; mimi mdogo wake na mke wangu Betty; shemeji yake Una Dalgarno wa Montrose; na wanafunzi wengi kuliko tunavyoweza kuwahesabu, ambao sasa wana kazi ya kurekebisha walichofundishwa.

Limebaki jambo la kamba. Jeneza litashushwa na watu wanane, kila mmoja kwa kamba yenye namba ya kadi yake, na kadi hizo aliziandika mwenyewe kwa mkono wa kushoto mwezi Januari, herufi zimelala kila upande. Kamba ya kwanza, kichwani, ni ya Mirren. Mimi nimepewa ya tatu, na nimeshalalamika vya kutosha nyumbani. Ya pili, miguuni, ameandika Murdo Tolmie. Kadi hiyo niliituma Skye kwa posta siku ya pili baada ya kifo. Hadi karatasi hizi zinakwenda kuchapishwa haijarudi, wala yeye hajajibu.

Bwana Tolmie, kama umekuja na umesimama huko nyuma, njia iko wazi, pita. Kama hukuja, hakuna atakayekushikia kamba yako. Ndugu zangu, nawaomba msijitolee kwa wema. Tutamshusha watu saba, jeneza litakwenda upande kidogo, na liende hivyo, kamba ya pili ilale chini kwenye majani palepale ilipo.

Mola amjalie dada yangu utulivu ambao yeye mwenyewe hakuwahi kujipa.